Mtoro wa Chichibu: historia ya Mari Okada, mwandishi wa katuni za Kijapani

Najua kibaraza hiki kimeota nyasi, wiki tatu nzima sijaweka kitu. Si mnajua tena, testi zilifuatana kama mabehewa ya garimoshi, na bumu nalo likakata kabla ya mwezi kwisha. Lakini nipo, nadunda.

Leo sileti habari za foleni ya maji wala vituko vya lekcha. Leo naleta historia. Msishtuke, haina mfalme wala mkataba ndani yake. Ni historia ya kazi ya mtu mmoja tu, mwanamke wa Kijapani anayeandika skripti za katuni. Mtaniuliza, we mwalimu mtarajiwa wa Historia na Kiswahili, katuni za Japani zinakuhusu nini? Subirini, nitafika huko. Na nikifika mtaona kwamba kuna jambo langu binafsi humu ndani, tena si la kujivunia.

Ilianza hivi. Mwenzangu wa chumbani anasoma Hesabu na Fizikia, na ana ugonjwa wa anime. Laptopu yake imejaa katuni mpaka haina pa kuweka kazi za darasani. Usiku mmoja nimechoka na kudesa, akaniambia pumzika, tazama hii, ni episodi 11 tu. Jina lake refu kama treni, kwa Kijapani linamaanisha kwamba ua tuliloliona siku ile, jina lake hatujalijua bado. Mashabiki wanaifupisha, wanaiita Anohana. Nilianza saa nne usiku. Saa tisa alfajiri nilikuwa nimejifunika shuka usoni nalia kimya kimya ili mwenzangu asinione. Kumbe naye alikuwa macho, ananicheka.

Kilichoniliza ni nini? Mhusika mkuu ni kijana anaitwa Jinta. Utotoni alikuwa kiongozi wa kikundi cha marafiki sita. Mmoja wao, binti aliyeitwa kwa utani Menma, alikufa mtoni, na kikundi kikasambaratika. Miaka imepita, Jinta yuko umri wa sekondari lakini haendi shule. Anashinda ndani anacheza gemu. Akitoka nje anaogopa kukutana na wanafunzi wenzake njiani. Mama yake alishafariki kwa ugonjwa, na baba yake ni mpole, hamfokei. Siku moja Menma anamtokea mzimu, yeye peke yake ndiye anayemwona, anamwambia kuna ombi lake halijatimizwa. Basi ili kulijua ombi lile, inabidi Jinta atoke ndani na kuwakusanya wale wenzake.

Mimi nimeona wanafunzi watoro wengi kwenye filamu na riwaya. Mara nyingi ni wahuni, wavuta bangi, au wameachwa na wazazi. Huyu Jinta hakuwa mhuni. Alikuwa tu hawezi kuvuka lango la shule. Nikajiuliza, aliyeandika hiki kitu amekijulia wapi? Hapo ndipo nikamkuta Mari Okada.

Mari Okada alizaliwa mwaka 1976 Chichibu, mji ulio katika mkoa wa Saitama, kaskazini magharibi ya Tokyo. Chichibu ni bonde lililozungukwa na milima pande zote. Kuna mlima mmoja, Buko, ambao umechimbwa chokaa ya saruji miaka mingi mpaka ubavu wake mmoja umekatwa kama ngazi. Kutoka hapo kwenda Tokyo kwa treni ya haraka hufiki saa moja na nusu. Ni kama kutoka Kibaha kuingia mjini Dar siku ambayo hakuna foleni, kama siku hiyo ipo! Lakini kwa mtoto asiyetoka ndani, umbali huo ulikuwa sawa na kwenda mwezini.

Wazazi wake walitengana, akalelewa na mama. Shule ya msingi alionewa na wenzake. Akaanza kukosa siku moja moja, halafu wiki, halafu akawa haendi kabisa. Hali hiyo ilimfuata mpaka sekondari. Yote haya ameyasimulia mwenyewe katika kitabu alichokitoa mwaka 2017, ambacho jina lake linaeleza safari ya mtu aliyeshindwa kwenda shule mpaka kuandika Anohana. Mwaka uliofuata kikatoka kwa Kiingereza, ndicho tulichokisoma kwenye laptopu ya mwenzangu. Hajifichi humo. Anasimulia mpaka siku ambayo mama yake, kwa hasira na aibu ya kuwa na mtoto wa namna ile, alichukua kisu cha jikoni akamwendea. Niliposoma ukurasa ule niliufunga, nikatoka nje kupunga upepo.

Sasa hapa niwaeleze kitu kidogo cha elimu, maana ndiyo fani yangu. Wajapani wana neno futoko. Maana yake ni kutokwenda shule, basi. Zamani walikuwa wanasema toko kyohi, yaani kukataa shule. Mnaona tofauti? Anayekataa ana kosa. Asiyekwenda, bado hujajua kwa nini haendi, inabidi uulize. Mwaka 1992 Wizara yao ya Elimu ilitamka kwamba jambo hili linaweza kumpata mtoto yeyote, si la watoto wa aina fulani tu. Mwaka 2016 wakapitisha sheria ya kuwapa watoto hao nafasi ya kusoma kwa njia nyingine, na sheria hiyo inakubali kwamba kuna wakati mtoto anahitaji kupumzika. Si kwamba tatizo limekwisha. Kwa hesabu zao, futoko ni mtoto aliyekosa siku 30 au zaidi kwa mwaka, na sababu isiwe ugonjwa wala umaskini. Mwaka wa masomo wa 2023 walihesabu watoto 346,482 wa msingi na sekondari ya chini. Nchi tajiri ile, kila mtoto ana dawati!

Sisi tuna neno mtoro. Kama mwanafunzi wa Historia neno hili naliheshimu. Karne ya 19 watoro walikuwa watumwa waliotoroka mashamba ya pwani, wakaenda kujenga vijiji vyao wenyewe, kama kile cha Fuladoyo huko Kenya. Kwa hiyo mtoro wa zamani alikuwa na kitu anachokikimbia, na leo tunamwandika vitabuni kwa heshima. Lakini neno likiingia kwenye kitabu cha mahudhurio linageuka kosa, na kosa dawa yake ni fimbo. Haya, tuendelee, nisije nikatoka nje ya mada.

Huyu binti akiwa ndani alifanya nini? Alisoma vitabu, alisoma vibonzo, alicheza gemu. Na kuna mwalimu wa sekondari ambaye aliona haji, akampa njia nyingine, aandike insha. Mwalimu anazisoma, anamjibu. Hilo tu. Hakumbadilisha usiku mmoja, wala hakumburuta darasani kwa sikio. Lakini kwa mara ya kwanza kulikuwa na mtu nje ya nyumba ile anayesubiri kusoma maneno yake. Wekeni alama hapo, nitaparudia.

Baadaye akaondoka Chichibu akaenda Tokyo kusomea uandishi wa hadithi za gemu katika chuo cha ufundi. Hakuanzia juu. Aliandika skripti za filamu za bei rahisi zinazotoka moja kwa moja kwenye kanda za video bila kupita sinema. Mwaka 1998 ndipo alipoingia kwenye anime, katika mfululizo uitwao DT Eightron. Alikuwa na miaka 22. Umri wangu huu huu! Mimi nina miaka 22 na kitu nilichoandika kikasomwa na watu wengi ni tangazo la daftari lililopotea, nililobandika mlango wa maktaba.

Hapa lazima nieleze kazi yenyewe, kwa sababu wengi tunadhani katuni inaanza na mchoro. Hapana. Tangu Tetsuwan Atom ya Osamu Tezuka ilipoanza kurushwa tarehe 1 Januari 1963, televisheni za Japani zimezoea katuni ya nusu saa kila wiki. Kila wiki, mvua au jua, episodi itoke. Mtu mmoja hawezi kuandika zote peke yake kwa kasi hiyo. Kwa hiyo anakuwepo mwandishi mkuu, ambaye kazi yake ni kupanga hadithi nzima kuanzia episodi ya kwanza mpaka ya mwisho, nani afe lini, siri gani ifichuke wapi, halafu anawagawia waandishi wengine vipande na mwenyewe anaandika vingine. Ni kama mkuu wa idara anayepanga ratiba ya vipindi, tofauti ni kwamba huyu akikosea, nchi nzima inaona.

Rasimu ikishaandikwa inapelekwa kwenye kikao. Wanakaa mezani muongozaji, maprodyuza, na kama hadithi imetoka kitabuni basi na watu wa kampuni ya vitabu. Wanaisoma na kuichambua mbele ya mwandishi. Hili toa, hili ongeza, hapa sielewi. Mwandishi anarudi nyumbani anaandika upya. Anarudi tena, wanaichambua tena. Ikishakubaliwa inakabidhiwa kwa mchora mpangilio wa picha, naye ana haki ya kubadili. Sauti za waigizaji kwa kawaida zinaingizwa mwishoni, picha zikiwa zimeshapangwa. Kwa hiyo neno lako unaliandika leo, utalisikia kinywani mwa mtu baada ya miezi mingi, na huenda si lile tena. Fikirieni, mtoto aliyekuwa anaogopa macho ya wanafunzi 30 darasani, leo mkate wake ni kukaa kwenye kikao na watu wazima wanakosoa maneno yake moja baada ya jingine. Mimi naiona hii kama shule aliyoikosa, imemfuata kazini.

Miaka kumi ya kwanza alikuwa mtumishi wa hadithi za wengine, mara nyingi episodi moja hapa, mbili pale. Mwaka 2006 akashiriki kuongoza uandishi wa Simoun. Mwaka 2008 ndio ulimtoa. Kwanza True Tears, iliyofanywa na P.A. Works, studio iliyojijenga mkoani Toyama, mbali kabisa na Tokyo ambako studio nyingi zimebanana. Pili, Black Butler. Tatu, Toradora, iliyotokana na riwaya za Yuyuko Takemiya. Riwaya kumi zikageuzwa kuwa episodi 25, na watu waliopenda vitabu hawakuandamana! Waliowahi kuona riwaya ikifanywa filamu wanajua hilo ni jambo gumu kiasi gani. Na kwenye Toradora ndipo alipofanya kazi na muongozaji Tatsuyuki Nagai na mchora wahusika Masayoshi Tanaka. Watatu hawa wamekuwa kama mafiga, sufuria nyingi zimepikwa juu yao.

Halafu ukaja mwaka 2011. Jamani, mwaka ule huyu mama alikuwa hajalala. Mfululizo mitano ya mwaka mmoja ina jina lake kama mwandishi mkuu: Gosick, Wandering Son, Fractale, Hanasaku Iroha na Anohana. Mimi nikipewa insha mbili wiki moja naomba nyongeza ya siku.

Hanasaku Iroha nayo ina kisa kizuri kwa mtu wa historia. Inamhusu binti anayetoka Tokyo kwenda kufanya kazi kwenye nyumba ya wageni ya bibi yake, kwenye mji wa chemchemi za maji moto. Mji wenyewe ni wa kubuni, lakini waliuchora kwa kufuata Yuwaku, mji wa kweli ulioko Kanazawa. Ndani ya hadithi kuna sherehe ya taa iliyobuniwa na watunzi. Unajua kilichotokea? Mwaka huo huo wa 2011 wenyeji wa Yuwaku wakaifanya ile sherehe kweli, na wakaendelea kuifanya kila mwaka. Desturi imezaliwa kutoka kwenye katuni! Siku nikimwambia mhadhiri wangu wa masimulizi na mapokeo sijui atasemaje.

Na Anohana ikampeleka nyumbani. Milima ile ya kwenye katuni, daraja lile la zamani, ni Chichibu. Hata roketi wanayoitengeneza wale vijana ili kutimiza ombi la Menma si ya kubuni, wenyeji wa Chichibu wana mapokeo ya kurusha roketi za baruti kwenye sherehe zao. Mji aliokuwa haonekani barabarani, leo mashabiki wanausafiria kwa treni kwenda kupiga picha kwenye daraja. Mwaka 2013 ikatoka filamu yake, ikaingiza zaidi ya yeni bilioni 1 kwenye majumba ya sinema. Mwaka 2015 wale watatu wakarudi na The Anthem of the Heart, nayo ikavuka bilioni. Hiyo inamhusu binti Jun, ambaye utotoni alikuwa msemaji sana, akasema jambo aliloliona bila kujua maana yake, na wazazi wake wakaachana. Tangu hapo hawezi kuongea. Akijaribu tumbo linamuuma. Mpaka mwalimu wa darasa anapowachagua yeye na wenzake watatu kuandaa tamasha la shule, na anagundua kwamba asichoweza kukisema anaweza kukiimba. Mwaka 2019 ikaja ya tatu, Her Blue Sky, humo humo Chichibu.

Mnaona mpangilio? Mmoja haendi shule. Mmoja hasemi. Kila mara kuna mtu aliyefungiwa na kitu ambacho wengine hawakioni.

Sikubaliani na wanaosema kila alichogusa ni dhahabu. Wakosoaji wake wana hoja. Wahusika wake wanalia sana, wanapiga kelele, wanasema kila kilicho moyoni kwa mkupuo mmoja mpaka unajisikia kumwambia mtu apumue kwanza. Mayoiga ya 2016 ilichekwa na wengi. Na mwisho wa Gundam yake, ile ya Iron-Blooded Orphans ya 2015 mpaka 2017, mashabiki wanabishana mpaka leo. Lakini hiyo Gundam, mwenzangu anaitazama kwa ajili ya maroboti, mimi nimeitazama kwa macho ya ualimu. Inahusu watoto wanaotumikishwa vitani kwenye sayari ya Mars, na wengi wao hawajui kusoma. Katikati ya safari, ndani ya chombo, Kudelia, binti wa kiongozi, anaanza kuwafundisha herufi. Askari mtoto Mikazuki, anayeua bila kupepesa macho, anakaa chini kama mtoto wa chekechea anajifunza kuandika. Kwenye hadithi ya mizinga, mtu ametafuta nafasi akaweka darasa. Aliyefanya hivyo ni yule ambaye darasa lilimshinda!

Mwaka 2018 akafanya jambo ambalo waandishi wa anime hulifanya kwa nadra. Alikalia kiti cha muongozaji. Filamu ni Maquia, ya P.A. Works tena, ilianza kuonyeshwa Februari mwaka huo. Ni kisa cha binti wa kabila la watu wanaoishi karne nyingi bila kuzeeka. Anaokota kichanga kilichoachwa yatima na vita, anamlea. Mtoto anakua, anakuwa kijana, anamzidi mama yake kwa sura, anazeeka. Mama yuko vile vile. Mwaka huo huo ikapata tuzo ya filamu bora ya katuni kwenye tamasha la filamu la Shanghai. Nikiikumbuka ile habari ya kisu, halafu nikaona mwanamke huyu ametumia filamu yake ya kwanza kuuliza mama ni nani na anajifunzaje kuwa mama, nashindwa kusema kitu. Hakuandika filamu ya kulipiza. Alimpa mama yule wa kwenye hadithi woga, makosa, na muda wa kutosha.

Kazi haijasimama. Mwaka 2020 filamu aliyoiandika, A Whisker Away, ikatoka Netflix. Mwaka 2023 akaongoza filamu ya pili, Maboroshi, ya studio ya MAPPA. Hiyo inahusu mji wa kiwanda cha chuma ambapo baada ya mlipuko muda umesimama. Hakuna anayekua, hakuna anayeweza kutoka. Mwaka 2024 mafiga matatu yakakutana tena kwenye filamu Fureru. Mji uliofungwa, milima pande zote, watoto wanaotaka kutoka. Kutoka 1998 mpaka leo ni zaidi ya robo karne, na ukitazama vizuri mwanamke huyu bado anaandika insha ile ile aliyoanza kumwandikia mwalimu wake.

Sasa nirudi pale nilipowaambia mweke alama.

Mwaka jana nilikwenda BTP, yaani mazoezi ya kufundisha, kwenye sekondari moja ya kata. Siitaji jina. Nilipewa Kiswahili kidato cha pili. Kulikuwa na mvulana mmoja, tumwite Daudi, si jina lake. Anakuja Jumatatu, haonekani mpaka Ijumaa. Anakuja wiki hii, wiki ijayo hayupo. Ana kigugumizi. Akiinuka kujibu swali wenzake wanaanza kumwigiza kabla hajamaliza neno la kwanza. Mimi nilikuwa nawanyamazisha, naendelea na somo, nina mada za kumaliza, mkaguzi kutoka chuoni anakuja. Kwenye kitabu cha mahudhurio nilimwandikia alama ya utoro kwa kalamu nyekundu, mstari mzima, nikaona nimetimiza wajibu.

Siku moja alikuwepo nilipotoa insha. Nilisema waandike maneno yasiyozidi 200 kuhusu safari. Daudi aliandika kurasa tatu na nusu, mwandiko umebanana mpaka pembeni. Ilikuwa safari ya kutoka kwao mpaka shuleni. Alieleza kila nyumba, kila mbwa, mahali anapokaa chini ya mwembe akisubiri kengele ya kuingia ipite, ili awe amechelewa, ili ageuke arudi. Yote alikuwa ameyaandika pale, wadau. Kila kitu ambacho hakuweza kukisema kwa mdomo. Nilikuwa na madaftari 74 ya kusahihisha usiku ule. Nilimpa 9 kwa 20, nikaandika chini: umevuka idadi ya maneno.

Ndiyo maoni yangu yote. Kurasa tatu na nusu, jibu maneno manne.

Hakuja wiki iliyofuata, wala nyingine. BTP ikaisha, nikaandika ripoti, nikapata alama nzuri tu. Nilikuwa nimeshamsahau. Mpaka niliposoma kitabu cha huyu mama usiku wa manane, nikafika kwa yule mwalimu aliyesoma insha na kujibu, nikaona kalamu yangu nyekundu.

Sitaki kusema Daudi angekuwa Mari Okada. Hiyo ni ndoto ya kitoto. Kati ya watoto wale 346,482 wengi hawatakuwa waandishi wa filamu, na hawahitaji kuwa wakubwa ili wastahili kujibiwa. Ninachosema ni kwamba mtoto alinijibu swali ambalo sikuwa nimemuuliza, na mimi nikahesabu maneno.

BTP ya pili inakuja mwezi wa saba. Nimeshaandika barua kuomba nirudi shule ile ile, ingawa ni mbali na nauli inauma. Nimemwuliza mwalimu mmoja wa pale kwa simu, akasema Daudi yupo kijijini, anachunga ng'ombe wa mjomba wake, mara moja moja anapita shuleni. Nimenunua daftari la kaunta, lile la kwaya nne. Ukurasa wa kwanza nimeshaanza kumjibu ile insha. Nimemwuliza mbwa wa nyumba ya tatu anaitwaje. Sijui kama ataliandikia. Huenda atalitumia kuwashia moto, na atakuwa na haki.

Haya wadau, mwenzangu ameamka anataka laptopu yake. Walimu mliopo kazini, mnaopita hapa kibarazani kila siku, niambieni kwenye maoni hapo chini: ninyi mlifanyaje kwa mtoto wa namna hii? Na msinijibu kwa maneno manne!

Tukutane tena panapo majaliwa.